Anza na Mvua: Jinsi Ninavyotengeneza Filamu za Mila na Mazingira Hapa Dodoma

Kabla hujanunua kamera na kabla hujaomba kibali, tafuta kalenda ya ukutani na kalamu mbili za rangi, kijani na kahawia. Dodoma tuna msimu mmoja wa mvua. Huanza mwishoni mwa Novemba au Desemba na kukoma Aprili, na mwaka mzima tunapata kama milimita 500 hadi 600 tu. Miezi hiyo ipake kijani, iliyobaki ipake kahawia. Hapo tayari umeanza kuiona filamu yako, maana karibu kila jambo la jadi katika nchi ya Wagogo limefungwa kwenye kalenda hiyo: kupanda uwele na mtama, kuchuma mboga za porini, kuomba mvua, kuvuna, kuoa, kucheza ngoma. Ukifika Agosti ukaulizia habari za kupanda, watu watakusimulia vizuri sana, na utarudi mjini na sura za watu waliokaa kwenye vigoda. Ukifika Januari utawakuta shambani, jembe mkononi.

Mimi ni mchoraji. Nilizaliwa Mpwapwa, nikaanza kazi kwa kuandika mabango ya maduka na saluni pale Majengo mjini Dodoma, baadaye nikahamia kwenye turubai. Mwaka 2014 nikashika kamera kwa sababu kulikuwa na vitu ambavyo brashi yangu haikuvifikia: mlio wa mchi kwenye kinu alfajiri, na namna wanawake wawili wanaotwanga pamoja wanavyopishana bila kugonganisha michi. Tangu hapo natengeneza filamu fupi za makala kuhusu watu wa hapa kati na mimea, wanyama na mawe wanayoishi nayo. Namwandikia kijana mwenye simu nzuri au kamera ya kuazima, ambaye ana bibi kijijini na hajui aanzie wapi.

Chagua kitu kinachoshikika mkononi

Usiende kijijini na mada ya "mila za Wagogo". Ni pana kama mbuga za Bahi na utapotelea humo. Nenda na kitu kimoja ambacho mtu anaweza kukushikisha mkononi: ilimba (ala ya muziki ya vyuma vidogo inayopigwa kwa vidole gumba), mzinga wa nyuki, kinu, kibuyu, paa la tembe. Kitu kimoja kikifuatwa vizuri kinakuonyesha mengine yote. Chukua ilimba. Ubao wake wa sauti una vitundu vidogo vinavyozibwa kwa utando wa buibui, na utando huo ndio unaoifanya ivume badala ya kulia kavu. Kwa hiyo filamu ya ilimba itakupeleka kwa fundi, halafu kwa mti wake, halafu kwa buibui. Utakuwa umefika kwenye mazingira bila kulazimisha.

Mfano nitakaoutumia zaidi hapa ni mlenda, kwa sababu ndiyo filamu iliyonifundisha zaidi. Kila mtu Tanzania anajua kwamba Wagogo wanapenda mlenda. Wachache wameona kazi yake. Majani huchumwa porini na mashambani wakati wa mvua, huchambuliwa, huanikwa juani hata juu ya paa la tembe, hutwangwa yakawa unga, huchekechwa, kisha huhifadhiwa. Miezi ya ukame, pori likiwa limekauka kabisa, chungu bado kina mboga: unga wa mlenda, magadi kidogo, karanga zilizopondwa, na ugali wa uwele pembeni. Hiyo ni elimu ya mimea, ya hali ya hewa na ya uhifadhi wa chakula, na iko mikononi mwa wanawake ambao hakuna aliyewahi kuwaita wataalamu. Niliiona nikasema lazima ipigwe, na ipigwe kwa misimu yote miwili.

Ziara ya kwanza ni ya daftari

Kijiji changu cha mlenda kiko upande wa Mvumi, wilaya ya Chamwino. Nilikwenda mara tatu kabla kamera haijatoka kwenye begi.

Njia ya kuingia ni hii. Anza na afisa utamaduni wa halmashauri, akuandikie barua. Barua hiyo impelekee mtendaji wa kijiji, naye atakufikisha kwa mwenyekiti. Mwenyekiti akishakukubali, omba akupeleke kwa wazee, na kwa mada kama mlenda sisitiza wazee wanawake, maana usiposema utaletewa wanaume watatu waliovaa makoti. Ukifika salimia kwa lugha ya hapo. "Mbukwenyi" kwa wengi, "Mbukwa" kwa mmoja. Hata kama Kigogo chako kinaishia hapo, kimeshafanya kazi. Mimi mwenyewe Kigogo changu ni cha Mpwapwa na wazee wa Mvumi hunisahihisha, nami nashukuru.

Baada ya salamu kaa. Toa daftari uchore. Huna haja ya kuwa mchoraji. Vijiti na maduara yanatosha. Siku ya kwanza nilimchora bibi mmoja akitwanga. Watoto walikuja kuangalia, wakamwita mama yao, mama akamwita bibi mwenyewe. Bibi akaliangalia daftari muda mrefu.

"Mjukuu wangu, mchi haushikwi hapo."

"Shikamoo bibi. Unashikwa wapi?"

"Marahaba. Chini kidogo. Na mkono huu unauachia hewani, unapokea mwingine. Ukishika hivi ulivyochora, ifikapo jioni bega limekufa."

Nilifuta nikachora upya, naye akasimama akanionyesha. Hapo nilijua picha yangu ya kwanza itakuwa ipi: mikono tu, na ule mkono unaoachia mchi hewani. Mtu akikuona na kamera anajiweka sawa, anavaa kitenge kipya na kutabasamu. Akiona mchoro wenye kosa anakusahihisha, na kila sahihisho ni picha ya kwenda kupiga. Mpaka leo kila ukurasa wa daftari langu una visanduku sita: mahali, mtu mzima mzima, uso, mikono, kitu chenyewe, na kinachopita nyuma, awe kuku, mtoto, upepo au kivuli. Visanduku vikijaa najua naweza kuja na kamera.

Kwenye ziara hizi uliza pia habari za zamani, ila usiulize kwa tarakimu. Mzee ukimwambia "mwaka 1971" anaweza kukutazama tu. Mwambie "wakati wa operesheni ya kuhamia vijijini" na maneno yatatoka. Wazee wa Kondoa waulize kuhusu HADO, mradi wa hifadhi ya ardhi ulioanza mwaka 1973, na hasa mwaka 1979 mifugo ilipoondolewa ili ardhi iliyomomonyoka ipone. Watakuonyesha korongo kwa kidole, wakuambie lilikuwa na kina gani. Wazee wa Ugogo waulize walichosikia kwa bibi zao kuhusu Mtunya, ile njaa ya mwaka 1917 hadi 1920 iliyokuja ukame ulipofuatana na vita vya wakoloni vilivyokuwa vimechukua nafaka, ng'ombe na vijana. Mboga za porini nilizokuwa nazifuata zilipata uzito mwingine kabisa bibi aliponiambia ni zipi walifundishwa kula kwa sababu ya njaa.

Vibali na ridhaa

Vibali nitavipitia haraka kwa sababu ni kazi ya ofisini, lakini usivikwepe. Sheria ya Filamu na Michezo ya Kuigiza, namba 4 ya mwaka 1976, inataka uwe na kibali cha Bodi ya Filamu kabla ya kupiga, na filamu ikaguliwe kabla ya kuonyeshwa hadharani. Droni inasajiliwa na kuombewa ruhusa Mamlaka ya Usafiri wa Anga, na kumbuka uko makao makuu ya nchi: Ikulu ipo Chamwino, Bunge lipo mjini, kuna maeneo ya jeshi. Mimi droni situmii. Inatimua ng'ombe na ndege, na inawafanya watu wote kijijini waangalie juu.

Ridhaa ya watu ndiyo kazi yenyewe. Ikiwa mtu hasomi, usimpe karatasi yenye aya kumi aweke dole gumba. Washa kamera, mwombe aseme mwenyewe kwa lugha yake jina lake, amekubali nini, na nini hataki. Mwambie wazi itaonyeshwa wapi: kijijini tu, kwenye televisheni, au mtandaoni ambako haifutiki kirahisi. Kwa mtoto, ridhaa ni ya mzazi, na bado mtoto akikataa kamera inashuka. Tangu mwaka 2022 tuna pia Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi, kwa hiyo sura, jina na sauti ya mtu si vya kuchezea.

Malipo nayo yaseme mapema. Mtu akikaa nami siku nzima, namlipa sawa na kibarua cha siku shambani kisha naongeza, na nampa jioni, kamera ikiwa imefungwa. Sukari na sabuni ninazokuja nazo ni za kubishia hodi. Hazihesabiwi kama malipo.

Sasa nikueleze tukio moja ambalo lilibadilisha utaratibu wangu. Nilikuwa napiga muheme, ngoma ya wanawake ambao huzibana ngoma kati ya mapaja na kuzipiga kwa mikono. Ilikuwa jioni nzuri, mwanga wa dhahabu, vumbi limepanda kiunoni. Waliimba nyimbo tano. Walipomaliza, mama mmoja wa makamo alinivuta pembeni.

"Mwanangu, ule wa nne hukutakiwa kuuchukua. Ule ni wa ndani, wa wasichana wakiwa wanafundwa. Tumejisahau, ngoma imetushika."

Muheme ina mizizi yake kwenye mafunzo ya wasichana, na mimi nilikuwa najua hilo. Nilipaswa kuuliza kabla. Nilifungua kamera mbele yake, tukautafuta wimbo wa nne, nikampa kitufe akaufuta mwenyewe. Ulikuwa wimbo mzuri kuliko yote. Tangu siku hiyo, kabla ya ngoma yoyote, nakaa na wakubwa wa kikundi na kuuliza wimbo mmoja mmoja: huu ni wa nje au wa ndani? Naandika, na wa ndani unapofika naweka kifuniko cha lenzi kila mtu akione.

Na kuna mlango mwingine usiouingia kabisa. Ukeketaji wa wasichana walio chini ya miaka 18 ni kosa la jinai tangu Sheria ya Makosa ya Kujamiiana ya mwaka 1998. Mtu akikuambia ni "mila" na akuite upige picha, kazi yako hapo ni kumlinda mtoto. Mila ninazozitengenezea filamu ni zile ambazo mtoto aliyepigwa picha leo ataziangalia akiwa mtu mzima bila kuumia.

Jua, vumbi, upepo

Dodoma jua linachomoza kwenye saa kumi na mbili na nusu na kuzama karibu na saa moja kasorobo. Mwanga wa kupigia ni mpaka saa tatu asubuhi, kisha kuanzia saa kumi jioni. Katikati hapo anga ni nyeupe, ardhi ni nyeupe, na sura ya mtu mweusi mbele yake inageuka kivuli kisicho na macho. Simu na kamera nyingi zikiachwa zijipangie zenyewe hulinda anga na kuusahau uso. Pima mwanga kwenye uso, uufungie hapo, na anga ikiungua iache iungue. Bora zaidi, msogeze mtu chini ya mkwaju. Kivuli chake ni kizito na hakina matobo mengi kama cha mgunga, ambacho humpaka mtu madoa usoni.

Saa za mchana ingia ndani ya tembe kama bado lipo. Watu wengi wameezeka bati, lakini tembe moja likibaki kijijini ndilo studio yako. Kuta za udongo na paa la miti na udongo hazirudishi mwangwi, upepo unabaki nje, na mlango mmoja unaleta mwanga wa pembeni ambao wachoraji wa mafuta wangeulipia. Mkalishe mzee hatua moja na nusu kutoka mlangoni, nusu ya uso mwangani. Zima simu zote na umwombe mwenye nyumba awatoe vifaranga.

Mipangilio ya kamera: fremu 25 kwa sekunde, shata 1/50, na kwa kuwa jua letu ni kali utahitaji kichujio cheusi cha lenzi, kile mafundi wanachokiita ND. Usibadilishe lenzi nje kuanzia Juni hadi Oktoba. Upepo wa miezi hiyo unabeba vumbi laini kama poda, likiingia kwenye kamera halitoki kwa kupuliza. Mimi nabadilishia ndani ya mfuko mkubwa wa plastiki ulio safi, mikono yangu ikiwa humo humo. Simu ikipata joto ikajizima, ifunge kwenye kitambaa kibichi kilichokamuliwa vizuri. Usiitie kwenye barafu.

Sauti inanikera kuliko kitu chochote kwenye filamu za vijana wetu. Picha nzuri, halafu upepo unanguruma mwanzo mpaka mwisho. Ukiwa na laki tatu za kutumia, nunua maiki na manyoya yake kabla ya lenzi. Rekodi kwa kilohezi 48 na biti 24, kilele kisipite desibeli 12 chini ya sifuri. Ngoma za muheme ni kali ajabu. Punguza sauti ya kuingia, kaa mbali kidogo, na uweke kinasa cha pili chini zaidi kama akiba. Ilimba ni kinyume chake. Isogelee mpaka usikie ule mvumo wa utando wa buibui, kwa sababu ukiukosa umerekodi chombo kingine. Zeze nalo lisikilize pale upinde unapogusa uzi. Marehemu Hukwe Zawose aliupeleka muziki wa Kigogo duniani kote kabla hajafariki mwaka 2003, na watu waliomsikia ukumbini hukumbuka sauti hizi ndogo kama walivyoikumbuka sauti yake. Mwisho wa kila mahali, waombe watu wote wanyamaze na urekodi dakika moja ya pale palipo: inzi, majani, mbwa wa mbali. Utaihitaji kwenye kuhariri.

Ngoma ipige nzima. Weka kamera kwenye stendi, picha pana, tangu mpigo wa kwanza hadi wa mwisho, usiguse kitu. Kisha waombe warudie, na safari hii ndipo ufuate mikono, miguu, njuga na nyuso. Kwa muheme shusha kamera ifikie kimo cha ngoma lakini ikae ubavuni. Waulize akina mama wenyewe wakuonyeshe pa kukaa. Wanajua ni upande gani picha inawaheshimu.

Mazingira nayo yana ratiba

Mbuyu ndio uliofanya kila mtu aijue sura ya Dodoma, na watu wengi huupiga kama pambo. Ukae nao. Sehemu kubwa ya mwaka hauna jani. Karibu na mvua unachanua, na ua lake hufunguka jioni, likahudumiwa na popo usiku, na ndani ya siku moja linaanguka. Mwaka juzi nilikaa siku nne chini ya mbuyu mmoja nikiwa na turubai, tochi yenye mwanga mwekundu na chupa ya chai, ili nipate ua moja likifunguka. Nililipata jioni ya nne, giza likiingia. Matawini walikuwepo kasuku wadogo wa kichwa cheusi na shingo ya njano, ambao asili yao ni huku kwetu kati na hupenda kutaga kwenye mashimo ya mibuyu. Kelele zao ndizo sauti ya kwanza kwenye filamu ya mlenda.

Kwa jambo linalobadilika polepole, rudi mahali pale pale. Nimekuwa nikifuata shamba moja la kisiki hai, ule utaratibu wa mkulima kuacha visiki vilivyo na mizizi hai vichipue, akachagua machipukizi machache yenye nguvu, akapogoa mengine na kufunga alama ili mifugo na majembe viyaepuke. Ukiangalia leo ni vichaka. Ukiunganisha picha za miaka mitano kutoka sehemu moja, ni msitu unaoinuka. Ili nisimame pale pale, nachora mstari wa milima kwenye daftari na kuandika kilele kipi kinakutana na mti upi. Kipimo cha simu peke yake huniacha hatua kadhaa kando, na hatua tatu zinatosha kuharibu ulinganifu. Usipake rangi mawe wala kuchanja magome kama alama.

Kondoa na Chemba

Wengi wakisikia mila na picha hufikiria michoro ya kale ya miambani ya Kolo, na wana haki. Miamba ya Kondoa iliingizwa kwenye Urithi wa Dunia mwaka 2006, na kama mchoraji sijawahi kusimama mbele ya ukuta ulionifanya ninyamaze vile. Ripoti kwanza ofisi ya mambo ya kale pale Kolo, kando ya barabara kuu ya kwenda Babati, na upande na mwongozaji. Usiguse mchoro. Usiumwagie maji ili rangi ing'ae, jambo ambalo watu walikuwa wakilifanya zamani na limeidhuru michoro. Nenda asubuhi, tumia shuka jeupe kurudisha mwanga kwenye kivuli cha mwamba, na uwe na subira. Mary Leakey, mtafiti wa mambo ya kale, alikuja kunakili michoro hii mwaka 1951 kwa mkono. Nami nakushauri ukae unakili mmoja kwa penseli kabla ya kuupiga. Mkono wako utagundua kwamba twiga uliyemwona mmoja ni wawili, mmoja juu ya mwingine, na kwamba ile michoro myeupe imepita juu ya ile myekundu ya kale.

Mongomi wa Kolo, mmoja wa miamba hiyo yenye michoro, bado ni mahali pa tambiko. Ukiwakuta watu, shuka chini ukasubiri. Hapo si makumbusho kwao.

Ukiingia Chemba kwa Wasandawe, warinaji wakubwa wa asali, tafuta mkalimani wa Kisandawe aliyezaliwa humo. Lugha yao ina vidoko, sauti za kubonyeza ulimi, na kidoko kimoja kikikosewa neno limebadilika. Rekodi karibu sana na mdomo, na tafsiri ifanyike siku hiyo hiyo mzungumzaji akiwepo. Mimi nilisubiri kutafsiri mjini, nikapoteza dakika 40 za maelezo ya mizinga kwa sababu hakuna niliyempata Dodoma aliyekuwa na uhakika nayo.

Kuhariri, na kurudi

Kila usiku kabla ya kulala hamisha kazi. Nakala tatu, kwenye vifaa vya aina mbili, na moja isilale mahali pamoja na wewe. Mimi humpa dereva wa bodaboda ninayemwamini aipeleke kwa dada yangu anayeishi Ipagala. Mafaili yape tarehe, kijiji na jambo, kwa mfuatano huo.

Katika kuhariri, acha kazi ionekane kwa urefu wake. Kutwanga kwangu kwenye filamu ya mlenda kunachukua dakika mbili na nusu bila maneno. Niliambiwa nipunguze, sikupunguza, kwa sababu mapigo yale yanaanza mazito na kuishia mepesi, na hapo ndipo unasikia jani linageuka unga. Waache watu waseme Kigogo, Kirangi au Kisandawe, na Kiswahili kiandikwe chini ya picha. Maelezo ya msimulizi yatumie pale tu ambapo hakuna mwenyeji anayeweza kusema.

Kisha, kabla filamu haijakwenda kwa mtu mwingine yeyote, irudishe kijijini ikiwa bado haijakamilika. Nilikodi projekta na jenereta ndogo, tukatundika mashuka mawili kwenye ukuta wa ghala. Walikuja watu kama mia mbili. Kulikuwa na kipande ambacho bibi anaeleza habari za ukame, na mimi nilikuwa nimefunika maneno yake kwa picha ya mbuyu niliyoipenda. Mtoto wa kiume, darasa la tatu au la nne, akasema kwa sauti: "Huo mbuyu una majani!" Ukumbi wote ukaitikia. Ilikuwa picha ya Februari nimeiweka kwenye maneno ya Septemba. Mhariri wa mjini asingeiona, na watazamaji wa mbali wasingeiona, lakini kwao ilikuwa sawa na kumvalisha mtu nguo za harusi msibani. Akina mama nao wakasema nimeruka kuchekecha, na mlenda usiochekechwa una mchanga. Niliandika masahihisho 11 usiku ule. Nilirudi Septemba iliyofuata nikaupiga mbuyu ukiwa mtupu, nikapiga na kuchekecha, ndipo nikaifunga filamu.

Nakala za mwisho ziache nyingi: flashi kwa mtendaji, flashi shuleni, na vipande vidogo kwenye simu za vijana wavitumiane wenyewe. Bibi hana simu. Nilimchapishia picha ya mikono yake ikiachia mchi hewani, nikaipeleka wakati wa mvua. Aliishika mbali na macho, akaiangalia, akaniambia mchi huo sasa umeshikwa sawa, kisha akaniuliza kama nimekuja na kikapu, maana mlenda ulikuwa umeota kando ya korongo na jua lilikuwa halijapanda.